Hisabati: Kisichojulikana kikiwa pande zote mbili za mlinganyo, tuanzie wapi?

Mutoyi, mkoani Gitega, ni jina linalofahamika nchini Burundi kwa ushirika wake na ufugaji wa kuku. Tuchukulie kwamba mchuuzi amenunua mayai huko na anataka kuyafikisha sokoni. Mwendesha baiskeli anadai faranga 2,000 kwa safari, na 700 zaidi kwa kila trei. Mwenye gari anadai 11,000 kwa safari, lakini 250 tu kwa kila trei.

Bei hizo ni za mfano, ila swali lenyewe ni la kweli: mzigo ukifikia trei ngapi ndipo gari huwa na nafuu? Mchuuzi akikosea, faida yake huishia njiani.

Kutoka swali hadi mlinganyo

Idadi ya trei hatuijui, basi tuiite x. Gharama hizo mbili zinapolingana, tunaandika:

2,000 + 700x = 11,000 + 250x

Hapa ndipo wanafunzi wengi hukwama, kwa kuwa x iko kushoto na kulia. Dawa yake ni kuitazama alama ya usawa kama mizani iliyotulia: ukipunguza upande mmoja, sharti upunguze na wa pili kwa kiasi kilekile.

Kwanza, tunatoa 250x pande zote mbili: 2,000 + 450x = 11,000.

Pili, tunatoa 2,000 pande zote mbili: 450x = 9,000.

Tatu, tunagawanya kwa 450: x = 20.

Tuhakiki: kwa trei 20, baiskeli hugharimu 2,000 + 14,000, na gari 11,000 + 5,000. Zote ni faranga 16,000. Chini ya trei 20, baiskeli ni nafuu; zaidi ya hapo, gari ni nafuu.

Kwa nini alama hubadilika?

Wanafunzi hukaririshwa kwamba namba ikivuka alama ya usawa, jumlisha hugeuka kutoa. Kanuni hiyo haina kosa, lakini kwa hakika hakuna namba inayovuka. 250x imetoweka kulia kwa sababu tumeitoa, na kushoto imepunguzwa kwa sababu hiyo hiyo.

Anayekariri bila kuelewa huweza kujumlisha 700x na 250x, akapata 950x, na jibu la takriban 9.5. Akiwa na trei 10 atachagua gari na kulipa 13,500, ilhali baiskeli ingemgharimu 9,000. Kosa la alama moja limemla faranga 4,500.

Njia hii ni kongwe. Mnamo karne ya 9 mjini Baghdad, mwanazuoni al-Khwarizmi aliieleza kwa maneno matupu, bila x wala alama ya usawa. Kurejesha kilichopungua aliita al-jabr, neno lililozaa aljebra. Kufuta vinavyofanana pande zote mbili aliita al-muqabala.

Na kama x ikitoweka?

Mwenye gari naye akidai 700 kwa kila trei, kutoa 700x pande zote mbili hutuachia 2,000 = 11,000, jambo lisilowezekana. Hilo nalo ni jibu: gharama hazitalingana kamwe, na baiskeli itabaki nafuu kwa mzigo wowote inaoweza kuubeba.