Nilivyokula Kibera na Kawangware

Na Mwandishi Wetu

Dada yangu akaaye Mji wa Kale, Mombasa, ana swali moja ambalo huniuliza kila nipitapo kwake kunywa kahawa. Haulizi siasa wala bei ya mafuta. Huuliza: "Hivi huyo mwanangu huko Nairobi anakula nini?"

Mwanawe, yaani mpwa wangu, huu ni mwaka wake wa pili katika jiji. Ni kibarua wa ujenzi, akaa Kawangware, na kila akipigiwa simu jibu lake ni moja: "Nala vizuri, mama." Mama naye hatosheki na jibu hilo. Amesikia kwamba huko bara watu hutia damu ndani ya utumbo, wakaichoma na kuila, na tangu siku hiyo usingizi umempaa. Basi nilipopata safari ya Nairobi, alinishika mkono mlangoni akaniambia: "Nenda ukaone kwa macho yako, kaka. Usiniletee maneno ya kuambiwa."

Siku ya kwanza mpwa wangu alikuwa kazini. Kwa kuwa sikutaka kukaa bure, nilijiunga na matembezi ya Kibera. Siku hizi wako vijana wenyeji ambao huwatembeza wageni kwa miguu katika mitaa yao, wakawaonyesha kazi za mikono, masoko na vyakula, kwa malipo. Tulikuwa wanne: mimi, mume na mke kutoka Ulaya, na mwalimu mmoja wa Nakuru.

Kutembeza wageni kwa ajili ya chakula si jambo geni duniani. Katika mji wa Edinburgh, Scotland, ambao sehemu yake ya kale iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1995, kama vile Lamu yetu ilivyoingizwa mwaka 2001, mgeni hutoa ada yake akamfuata kiongozi vichochoroni, akionja hiki na kile. Chakula kisifiwacho kuliko vyote ni haggis. Hicho ni moyo, ini na mapafu ya kondoo, yaliyokatwakatwa na kuchanganywa na oti, vitunguu na mafuta, kisha yakashindiliwa ndani ya tumbo la kondoo na kuchemshwa. Kwa asili ni mapishi ya mtu asiyekuwa na uwezo wa kutupa kitu. Lakini mshairi wao Robert Burns alikitungia shairi mwaka 1786, na mpaka leo, kila tarehe 25 Januari, Waskoti hukipigia zumari kikiingizwa mezani.

Kibera mambo ni mazito zaidi. Kennedy Odede, aliyekulia hapo na kuasisi shirika la SHOFCO mwaka 2004, aliandika katika gazeti la New York Times mwaka 2010 akiyapinga matembezi ya namna hii. Kwa maoni yake, umaskini umegeuzwa kuwa burudani: afaidikaye ni mpiga picha, na apungukiwaye heshima ni mpigwa picha. Maneno hayo nilikuwa nimeyasoma, na sikuingia Kibera kwa moyo mweupe.

KAWA NA TABAGA

Tulianzia soko la Toi, penye mitumba mpaka macho yachoke, tukashukia mtaa wa Makina. Kiongozi wetu, kijana mwembamba mwenye sauti ya mwadhini, alitupa sharti moja: kamera mfukoni mpaka mwenyeji aridhie, na kila kibanda tutakachoonja tulipe bei ile ile alipayo jirani.

Hapo Makina ndipo nilipojiona kama niliyerudi nyumbani. Msikiti upo, kanzu na kofia zapita, na salamu yatoka kabla hujaisubiri. Ni mtaa wa Wanubi. Wazee wao walikuwa askari wa Kisudani katika jeshi la Kiingereza la KAR, wakapewa makao hapa mwanzoni mwa karne ya ishirini. Jina lenyewe la Kibera latokana na neno lao "kibra", maana yake msitu. Mwaka 1918 Waingereza waliitangaza ardhi hiyo, ekari zaidi ya 4,000, kuwa hifadhi ya jeshi. Mji ulivyokua, ardhi ilikwenda ikipunguka, na mwaka 2017 Wanubi walipokabidhiwa hatimiliki na Rais Uhuru Kenyatta, ilikuwa ya ekari 288.

Tuliingizwa katika nyumba ya bibi mmoja mtu mzima. Sinia ilikuwa juu ya mkeka, imefunikwa kwa kifuniko cha kusukwa cha rangi nyekundu, kijani na manjano. Sisi twakiita kawa, wao wakiita tabaga. Kilipofunuliwa niliona gurusa: mikate myembamba ya unga wa ngano, laini, iliyopangwa mmoja juu ya mwingine, shabihi ya chapati zetu za maji. Kando yake palikuwa na bakuli la mchuzi wa mboga.

Nami, kwa mazoea ya kazi, nikatoa daftari nikaanza kuandika. Yule bibi akaniangalia kidogo, kisha akasema kwa Kiswahili kilichonyooka: "Baba, umekuja kula ama umekuja kutazama?"

Niliona haya. Nikalitia daftari mfukoni, nikanawa, nikasema Bismillahi, nikamega. Alipojua natoka Mombasa alianza kunihoji yeye: mbaazi za nazi zakaaje bila kukatika tui? Iliki ya mahamri hutiwa kabla ya unga kuumuka au baada? Kwa nusu saa mimi ndiye niliyekuwa natembezwa katika jiko la mama yangu mzazi, na Mzungu na mkewe wakisikiliza na kucheka. Tulipoinuka, kiongozi alimlipa mbele ya macho yetu, naye akazihesabu fedha zake bila ya haya yoyote, kama mwenye duka. Hapo nilielewa kwamba tofauti ya mgeni na mtazamaji ni ndogo sana, nayo ni kuketi. Aliyeketi akaulizwa, naye akajibu, huyo ni mgeni.

MGONGO WAZI

Kutoka Makina tulivuka reli iendayo Kisumu, ambayo kwa watu wa Kibera ni njia ya miguu na tena ni soko. Hapo wenyeji wengi ni watu wa Ziwa Victoria, na harufu ni ya samaki. Tuliona omena, dagaa wale wadogo wa ziwani, wakipimwa kwa kopo. Tuliona pia kitu ambacho sikupata kukiona pwani: kichwa na uti wa mgongo wa samaki, mbavu wazi, vimekaangwa mpaka vikawa rangi ya kahawia. Chakwitwa mgongo wazi.

Habari yake yafaa kujulikana. Samaki huyo ni sangara, ambaye alipandikizwa katika Ziwa Victoria miaka ya 1950 na 1960. Tangu miaka ya 1980 viwanda vya kandokando ya ziwa vilianza kumchuna minofu na kuisafirisha ng'ambo. Kilichobaki ndicho hicho kiliwacho na wavuvi wenyewe na ndugu zao wa mjini. Yule mke wa Mzungu, alipoelezwa, aliushika ule mgongo kwa vidole viwili akasema taratibu kwamba minofu yake labda aliinunua yeye, kwao. Hakuna aliyecheka safari hiyo.

Jioni, njiani kuondoka, tukafika penye lile jambo la dada yangu. Mkaa unawaka, kijana anageuza utumbo mnene mweusi, anaukata vipande juu ya ubao na kuupa chumvi na pilipili. Ni mutura. Ndani yake mna nyama iliyokatwakatwa na damu. Mwalimu wa Nakuru alikula vipande vitatu, akavisifu sana. Mimi nilisema ahsante, dini yangu hainiruhusu, kwa kuwa damu imeharamishwa katika Suratul Maida, aya ya 3. Muuzaji hakuchukia. Alisema: "Najua mzee, wewe wa msikiti," akanielekeza kibanda cha pili penye mahindi ya kuchoma na ndimu.

KAWANGWARE

Kesho yake, Jumapili, nilipanda matatu namba 46 mpaka Kawangware. Mpwa wangu alinipokea kituoni, kakonda kidogo, mikono imekuwa migumu kama ya babu yake aliyekuwa baharia. "Mjomba," akaniambia, "leo mimi ndiye kiongozi wako, na sitaki ada."

Tulitembea toka asubuhi hadi alasiri. Kawangware ni mtaa wa mchanganyiko, Wakikuyu na Waluhya wakiwa wengi. Mboga ziliponiona zilinicheka, maana nilidhani ni ngeni kumbe ni zetu. Managu ya huku ndiyo mnavu wa kwetu. Saga ndiyo mgagani. Mrenda ndio mlenda, utelezao vile vile. Githeri, mahindi na maharagwe yaliyochemshwa pamoja, ndiyo pure, ila tu haikutiwa nazi. Chakula hicho kilipata jina kubwa mwaka 2017, siku ya uchaguzi, mtu mmoja alipopigwa picha Nairobi akila githeri kutoka mfuko wa plastiki katika foleni ya kura.

Nikaona wakati umefika wa kuuliza lile nililotumwa. Nikamwambia mamako ana wasiwasi na nyama. Akasimama. "Nyama ya huku yatoka machinjio ya Dagoretti, mjomba, si mbali na hapa, na wachinjao ni Waislamu. Lakini mwambie mama asijisumbue." Akanyamaza, kisha akasema: "Laiti angejua hiyo nyama naila mara ngapi!"

Nilikosa la kusema. Kumbe sisi huko Mombasa tulikuwa tukihofia kilichomo sahanini, tusihofie sahani yenyewe kuwa tupu. Aliniambia kazi ya mjengo haiko kila siku. Siku ya kazi hula chapati na maharagwe mchana, na ugali na mboga usiku. Siku isiyo na kazi hungojea usiku.

Akanipeleka kwa mama mmoja wa Kiluhya mwenye kibanda cha mabati na meko mawili. "Huyu ndiye amlishaye mwanenu," akasema. Mama huyo alikuwa na daftari lililopakaa mafuta, lenye majina ya vibarua na deni la kila mmoja. Jina la mpwa wangu limo, na deni lake limo, wala halikuwa dogo. Pembeni, juu ya msumari, palitundikwa sufuria ndogo peke yake. Nikauliza ya nini. Akajibu kama asemaye jambo la kawaida: "Ni ya huyu kijana na wenzake wa Islamu. Kuna siku napika vitu ambavyo nyinyi hamli. Sitaki kuwachanganyia." Tena akaongeza kwamba mwezi wa Ramadhani hafungi kibanda jioni mpaka vijana hao wafuturu, maana mtu hawezi kushinda na njaa halafu akute mlango umefungwa.

Mama huyu haendi msikitini, wala hakuna mtu aliyemsomea aya. Nilikula kwake chapati mbili na maharagwe, nikalipa yangu, na katika lile daftari nikapunguza kidogo deni la mpwa wangu alipokuwa amegeuka kunawa. Mama yule aliona, akafuta mstari kwa kalamu, asiseme neno.

Niliporudi Mombasa dada yangu alikuwa kibarazani. Nilifikiri nimfiche, kisha nikakumbuka alivyosema hataki maneno ya kuambiwa. Nikamwambia yote mawili: anakula halali, na anakula kidogo. Nikamweleza ile sufuria juu ya msumari. Alinyamaza kitambo, akajifuta macho kwa ncha ya leso.

Juma lile lile alipeleka kifurushi kwa basi la usiku: ng'onda waliokaushwa vizuri, iliki, na nazi sita. Tatu alizifunga mbali, akaniagiza nimpigie simu mwanawe nimwambie zile si zake. "Ni za yule mama," akasema. "Na amfundishe kupika hiyo githeri kama pure, watu wale vizuri."

Juzi mpwa wangu alinipigia simu. Yasemekana siku ile ya nazi chungu kilikwisha kabla ya adhuhuri, na vibarua wameanza kuuliza nyingine zaja lini.