Kiungo Kinachokunja Wakati

Wazee wetu wa pwani waliposema kuwa walii fulani alikunjiwa ardhi, hakuna aliyeuliza maana. Ilieleweka kwamba mja huyo aliweza kuswali adhuhuri hapa na alasiri akaiswali Makka, wala asipande chombo. Wanazuoni huliita jambo hilo tayy al-ardh. Wayahudi nao wana msemo unaofanana nao, kefitzat haderech, kuifupisha njia kwa kuiruka. Mwandishi wa Kimarekani, Frank Herbert, aliuchukua msemo huo wa Kiyahudi, akaugeuza kidogo ukawa Kwisatz Haderach, akamvika shujaa wa riwaya yake Dune iliyotoka mwaka wa 1965. Ila katika ulimwengu alioubuni yeye, kinachomfungulia mtu mlango huo si karama. Ni kiungo cha chakula.

Kinaitwa melanji. Harufu yake ni ya mdalasini, basi sisi watu wa pilau twaanza kukisoma kitabu hiki kwa pua kabla ya macho. Hupatikana katika sayari moja tu, Arrakis, jangwa lisiloonja mvua. Chini ya mchanga mna viumbe vidogo, na taka zao zikikutana na maji huchacha, hujaa hewa, kisha hulipuka hadi juu, ambako jua huimaliza kazi. Viumbe hivyo ndivyo baadaye huwa minyoo ya urefu wa mamia ya mita, na wenyeji huuita mnyoo huo Shai-Hulud. Ajuaye Kiarabu atasikia humo kitu cha kudumu milele. Maji huiua minyoo hiyo. Hebu utazame mtego huo: Fremen, wenyeji wa jangwa, wanaota siku ya kuona mito na miti kwao, na siku hiyo ikifika kiungo kitakuwa kimekwisha.

Alaye melanji huongezewa umri, na macho yake huwa buluu hadi pale penye weupe. Lakini akishazoea, kukikosa ni kufa. Wazazi wa Mombasa na Malindi ambao vijana wao walinaswa na unga hawahitaji kutafsiriwa hapo.

Matumizi makubwa, hata hivyo, ni ya marubani. (Nasema rubani kwa maana ya zamani, mwenye kuongoza chombo baharini, kabla neno halijachukuliwa na ndege.) Katika ulimwengu ule mashine zenye kufikiri zilipigwa marufuku baada ya vita vikubwa, kwa hivyo hakuna cha kupigia hesabu ya safari baina ya nyota. Rubani huvuta melanji mpaka azione njia nyingi zilizo mbele ya wakati, achague isiyo na ajali, kisha aelekeze chombo humo. Nahodha wetu alizisoma nyota na kuingojea kaskazi. Huyu anaisoma kesho yenyewe. Ndiyo maana asiyepata melanji hana biashara, hana jeshi, wala ufalme hana. Wengi wameyaona mafuta ya Uarabuni katika habari hiyo, nami siwapingi. OPEC iliundwa Baghdad mwaka wa 1960, miaka mitano tu kabla ya kitabu.

Sasa nije kwenye ghaibu, maana hapo ndipo Mwislamu huanza kujikuna kichwa. Kijana Paul Atreides anafika Arrakis, anakila kiungo, na kesho inamfunukia. Fremen wanamwita Mahdi na Lisan al-Gaib. Yeye ajichagulia jina la Muad'Dib, ambalo kwao ni panya wa jangwani na kwetu linakaribia mwenye kufunza adabu. Herbert alichota pia katika kitabu cha Lesley Blanch cha 1960 juu ya Imamu Shamil na vita vyake na Warusi huko Kaukazi. Yuko atakayechukizwa kuona maneno ya dini yake yakipambwa hivyo katika hadithi ya kubuni, na hana kosa. Mimi namwomba asome mpaka mwisho. Herbert hakumwandika Mahdi huyo ili tumshangilie. Paul anaiona jihadi itakayopiganwa kwa jina lake, anahangaika kuikwepa, na kila njia anayoitazama inamrudisha pale pale. Katika kitabu cha pili, Dune Messiah cha 1969, waliouawa wahesabiwa kuwa bilioni 61. Filamu ya Denis Villeneuve ya mwaka wa 2021, iliyopigwa kwa sehemu Wadi Rum huko Jordan na katika jangwa la Abu Dhabi, ililiacha neno jihadi na kusema vita vitakatifu. Naona hapo watazamaji walipunjwa, kwani onyo lenyewe limo katika neno lile.

Katika kitabu hicho cha pili Paul anapofushwa. Watu wanastaajabu, kwa sababu anaendelea kutembea na kuwataja waliosimama mbele yake. Kumbe anafuata yale aliyokwisha kuyaona zamani, hatua kwa hatua, wala hathubutu kutoka nje yake. Kisha Chani, kipenzi chake, anajifungua. Paul alikwisha kumwona binti. Wanatoka pacha, binti na mvulana, na mvulana yule hakuwamo kabisa katika maono yake.

Sijui kama Herbert alipata kuisoma aya ya mwisho ya Sura Luqman, inayoyataja anayoyajua Mwenyezi Mungu peke yake: Saa, mvua, yaliyomo matumboni, mtu atachuma nini kesho, na atafia ardhi gani. Paul alikuwa na melanji yote ya Arrakis, na likamshinda la tumboni. Baada ya hapo macho ya ndani nayo yalizima. Ada ya Fremen ni kwamba kipofu huachiwa jangwa, naye akaenda kwa miguu, peke yake, usiku.