Dakta Vedasto Kyaruzi: Mganga Aliyeingia Katika Siasa

Leo nasema hasa nanyi mlioko Mnazi, wilaya ya Lushoto, lakini wengine nanyi sikilizeni, maana jambo hili ni letu sote. Fungueni vitabu vyenu, mwandike jina hili: Vedasto Kyaruzi.

Mtu huyu alikuwa daktari, kisha akaingia katika siasa. Labda utauliza: Kazi ya daktari ni kutibu wagonjwa; siasa anaitakia nini? Ni swali zuri. Tulijibu kwanza kwa mfano wa hapo kwenu.

Ninyi mnakaa chini katika tambarare, penye joto na mbu, si juu Lushoto penye baridi. Mtoto akishikwa na malaria mnampeleka kwa mganga, anapewa dawa, anapona. Baada ya mwezi mmoja anarudi na homa ile ile. Anapona tena, anarudi tena. Mwisho mganga anaanza kujiuliza: Maji haya yanayotuama karibu na nyumba za watu, ni nani mwenye amri ya kuyaondoa? Fedha za dawa, ni nani anayekata shauri ziende wapi? Hapo, ndugu, mganga amekwisha kufika mlangoni pa siasa. Kwani siasa ni nini? Ni shauri la nani anaamua mambo ya watu, na kama watu wenyewe wameulizwa.

Jambo hili limetokea katika nchi nyingi. Huko Marekani alikuwako daktari mmoja wa mji wa Philadelphia, jina lake Benjamin Rush. Mwaka 1776 alitia sahihi yake katika hati ya kujitenga na utawala wa Uingereza. Hata hivyo hakuacha udaktari. Mwaka 1793 homa ya manjano ilipoupiga mji wake, watu wengi walikimbia, yeye akabaki na wagonjwa.

Sasa turudi kwetu. Kyaruzi alitoka Bukoba. Zamani zile Tanganyika haikuwa na chuo cha kufundisha madaktari, kwa hiyo vijana wachache walikwenda kusoma Makerere, Uganda, naye alikuwa mmoja wao. Waliporudi waliitwa madaktari wasaidizi. Kazi waliifanya, lakini cheo na mshahara wao vilikuwa chini ya vile vya daktari Mzungu. Basi walijua kwa nafsi zao maana ya kuamuliwa mambo bila kuulizwa.

Mwaka 1950 Dakta Kyaruzi alichaguliwa kuwa rais wa Chama cha Waafrika wa Tanganyika, yaani TAA. Chama hiki kilianzishwa Dar es Salaam mwaka 1929. Katibu wake sasa alikuwa Abdulwahid Sykes. Walikuwamo madaktari wengine pia: Joseph Mutahangarwa, Wilbard Mwanjisi na Michael Lugazia. Na kutoka upande wenu wa Tanga walikuwamo Hamza Mwapachu na Stephen Mhando.

Walifanya nini? Hawakushika mapanga. Walishika kalamu. Wakati huo Gavana Twining alikuwa ameweka kamati ya kuangalia habari ya katiba. TAA iliandika maoni yake, ikataka Waafrika wapate sauti katika kuitawala nchi yao. Kumbukeni kwamba Baraza la Kutunga Sheria lilianza mwaka 1926, lakini hakuingia Mwafrika hata mmoja mpaka mwaka 1945. Na hao walioingia waliteuliwa na gavana, hawakuchaguliwa na watu. Ninyi wa Usambara mmesikia kwa wazee habari ya amri ya kuchimba matuta huko Mlalo, na jinsi watu walivyoipinga. Amri za namna hiyo zilitoka kwa wakubwa ambao watu hawakuwachagua.

Lakini Kyaruzi alikuwa na shida moja kubwa. Mwajiri wake alikuwa serikali ile ile. Mtumishi wa serikali huhamishwa kwa karatasi moja. Basi alihamishwa kutoka Dar es Salaam, akapelekwa Kingolwira, penye gereza, karibu na Morogoro. Kisha akapelekwa Nzega, mbali sana bara. Watu wa chama waliona kuwa serikali ilitaka kumtenga na siasa. Alipoondoka, nguvu za chama zilipungua makao makuu. Na mwaka 1953 serikali ikawakataza watumishi wake kabisa kuingia katika vyama vya siasa.

Mwaka huo huo TAA ilimchagua rais mwingine, Julius Nyerere. Huyu alikuwa mwalimu wa shule ya misheni, Pugu, si mtumishi wa serikali. Gavana hakuwa na karatasi ya kumhamisha. Tarehe 7 Julai 1954 TAA ikageuka kuwa TANU. Hata yeye mwaka 1955 ilimbidi achague moja, akaacha ualimu.

Je, kazi ya Kyaruzi ilipotea? Haikupotea. Wenzake walibaki na chama, na yale waliyoyaandika yalibaki. Tanganyika ilipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961, na siku tano baadaye ikaingia katika Umoja wa Mataifa. Daktari yule aliyepelekwa Nzega alipelekwa sasa New York, kuisemea nchi yake mbele ya dunia.

Ndugu, shikeni neno hili. Mtu mmoja anaweza kuhamishwa, kuugua, au kufa. Chama cha kijiji kinachomtegemea mtu mmoja tu huondoka pamoja naye. Kama mambo yenu yameandikwa kitabuni, na wengi wenu mnaweza kuyasoma, kesho atainuka mwingine ayaendeleze. Ndiyo sababu mnajifunza kusoma.

MANENO YA KUANDIKA: siasa, katiba, sahihi, uhamisho.

MASWALI YA KUZUNGUMZA DARASANI
1. Kwa nini ilikuwa rahisi kumhamisha Kyaruzi kuliko Nyerere?
2. Ni ugonjwa gani hapa Mnazi ambao dawa peke yake haiumalizi? Ni nani wa kuulizwa?
3. Katika chama chenu, katibu akiondoka leo, ni nani anayeweza kukisoma kitabu chake?