Umefiwa? Mtaje marehemu kwa jina, hata kwa maneno machache

Fungua kurasa za matangazo za gazeti la Kiswahili, hutakosa kukutana na picha ndogo yenye neno KUMBUKUMBU juu yake. Chini yake pana jina, tarehe aliyofariki, orodha ya wanaomkumbuka, kisha dua: Mungu ailaze roho yake mahali pema peponi, Amina. Wengi wetu huipita. Aliyelipia tangazo lile huenda alikaa siku mbili na kalamu akitafuta la kusema, mwisho akaandika yale yale ya tangazo la jana.

Si aibu. Maneno ya kurithi yana kazi yake. Siku ya msiba akili imeganda, na "poleni" au "inna lillahi wa inna ilayhi rajiun" humpa mfiwa kitu cha kushika bila kumtaka ajibu kitu. Tabu huja baadaye, matanga yakishaondolewa.

Chukua mfano wa Zinga, kando ya barabara iendayo Bagamoyo. Kama ilivyo sehemu nyingi za Pwani, aliyefariki alfajiri aghalabu huzikwa siku hiyo hiyo. Katika familia nyingi za Kiislamu wanaume ndio wanaokwenda makaburini, wanawake hubaki kwenye mkeka nyumbani. Inasomwa hitima, inakuja arobaini, mjane anakaa eda miezi minne na siku kumi. Nyakati hizo zimepangwa, na ndani yake marehemu hutajwa. Nje ya hapo jirani anaogopa kutamka jina lake asije akatonesha kidonda. Lakini mfiwa hajasahau hata kidogo. Anachokiona ni kwamba wengine wamesahau.

Anayeumia zaidi kwa ukimya huo ni mama aliyepoteza mtoto mchanga, au aliyejifungua mtoto ambaye tayari amefariki. Mtoto anazikwa upesi, watu wachache wanajua, na maneno anayoambiwa yanaishia kwenye "jikaze" na "utapata mwingine". Wanaoyasema hawana nia mbaya. Ila mama haombolezi mtoto wa baadaye, anamwombolezea huyu. Mwambie, "Pole mama. Nimesikitika kwa ajili ya mwanao." Kama alishampa jina, litaje. Kama hujui la kusema, sema hivyo hivyo kwamba hujui, kisha kaa naye.

Na wakati mnakaa naye, kumbukeni mwili wake. Siku chache baada ya kujifungua maziwa hujaa hata kama mtoto hayupo, na hakuna aliyemwandaa mama kwa hilo. Sidiria inayobana vizuri na kitambaa cha maji baridi husaidia; akikamua, akamue kidogo tu kupunguza maumivu. Homa, titi jekundu linalouma, damu nyingi au uchafu wenye harufu mbaya ni sababu ya kwenda kituo cha afya siku hiyo hiyo. Wako wanaoacha kliniki kwa kuona kwamba bila mtoto hawana la kufanya pale. Mahudhurio ya siku ya pili au ya tatu, ya kati ya siku ya 7 na ya 14, na ya wiki ya sita ni ya kwake pia. Amsindikize mtu, maana benchi lile limejaa kina mama wenye watoto mgongoni.

Kwa watoto waliofiwa na mzazi, maneno yawe mafupi zaidi, na yawe ya kweli. Watu wazima hupenda kusema "baba amesafiri" au "bibi amelala". Aliyeambiwa baba amesafiri atakwenda kituoni kusubiri kila basi linalotoka Dar es Salaam. Aliyeambiwa bibi amelala anaweza kuanza kuogopa kulala. Sema: "Baba amekufa. Mwili wake umeacha kufanya kazi, hapumui tena wala hasikii maumivu. Hatarudi. Si kosa lako. Mimi nipo." Habari za peponi zifuate kadiri ya imani yenu, zisichukue nafasi ya neno "amekufa".

Mtoto wa chini ya miaka mitano hivi atauliza tena kesho baba anarudi lini. Hajakaidi, bado hajui kwamba kifo hakina kurudi. Mjibu vile vile, kwa sauti ile ile. Mkubwa kidogo anaweza kuamini baba alikufa kwa sababu alimkasirikia, na asimwambie mtu. Ndiyo maana yale maneno "si kosa lako" tunayasema hata kama hajauliza.

Sasa turudi kwa mwenye kalamu. Aandike nini kwenye tangazo, kwenye kibao cha kaburi, au kwenye simu siku ya kutimiza mwaka?

Historia ya Bagamoyo inatupa mfano mmoja. Februari 1874 mwili wa David Livingstone ulifikishwa mjini humo, baada ya Chuma, Susi na wenzao kuubeba kwa miezi mingi. Kule Chitambo, katika Zambia ya leo, ambako walizika moyo wake chini ya mti, mwenzao Jacob Wainwright alichonga kwenye gome jina la marehemu, tarehe, na majina ya baadhi ya waliokuwepo. Hakuna sifa hata moja. Ukikosa kabisa maneno, hayo yanatosha: nani, lini, na sisi tulikuwepo.

Mfano wa pili wanao watani. Mzaramo akifa, Mnyamwezi anakuja msibani, anaigiza alivyokuwa akitembea, alivyokohoa, alivyokuwa mgumu kulipa deni, na wafiwa wanajikuta wanacheka katikati ya kilio. Wageni hushangaa. Mimi naona ni tiba kuliko nyingi tunazoandika kwenye safu hii, kwa sababu mtani hamwelezi marehemu wa kila mtu, anamweleza huyu mmoja.

Basi baada ya jina na tarehe, ongeza kitu kimoja kilichokuwa chake peke yake. "Mama, kila alfajiri bado tunausikia ufagio wako uani." "Baba, ulipotoka baharini tulikutambua kwa mluzi kabla hujafika mlangoni." Kwa mtoto: "Uliishi siku mbili. Tukihesabu watoto wetu, nawe umo." Inashinda zile herufi tatu za Kiingereza tunazobandika kwenye kundi la WhatsApp na kuendelea na mengine.

Maneno hayaondoi kila kitu. Mfiwa mwenye shinikizo la damu, kisukari au anayetumia ARV husahau dawa wiki za mwanzo, kwa hiyo mtu mmoja apewe kazi ya kumkumbusha. Mwaka 1990 madaktari wa Japani walieleza hali ambayo mshtuko mkubwa, ukiwemo wa kufiwa, hulegeza sehemu ya moyo na kuifanya ivimbe kwa muda. Waliiita Takotsubo, jina la chungu wanachotegea pweza kwao, kwa vile moyo ulifanana nacho kwenye picha. Huwapata zaidi wanawake waliokwisha koma hedhi, na wengi hupona. Lakini dalili zake ni zile zile za shambulio la moyo, hivyo mfiwa akilalamika kifua au pumzi, msiseme ni majonzi tu. Mpelekeni hospitali.

Shirika la Afya Duniani linahesabu huzuni kuwa ugonjwa pale inapodumu zaidi ya miezi sita, kupita desturi za jamii ya mfiwa, na kumzuia kufanya shughuli zake. Huyo anahitaji mtaalamu. Anayesema anataka kumfuata marehemu asisubiri miezi, apelekwe leo, wala asiachwe peke yake.

Na kama nyumbani kuna mgonjwa anayejua safari yake imekaribia, mnaweza kumuuliza mwenyewe. Chagueni asubuhi akiwa na nguvu: ungependa wajukuu waambiwe nini juu yako? Andikeni kama atakavyosema, hata akisema waambiwe kwamba Zinga nzima hakuna aliyewahi kumfunga bao.