Earendel: Nyota ya ngano na mwanga wa miaka bilioni 12.9

NYOTA ambayo mwandishi wa Uingereza, J.R.R. Tolkien, aliitungia shairi mwaka 1914 ina jina la asili moja na lile ambalo wanasayansi walilipa, mwaka 2022, doa dogo la mwanga lililonaswa na darubini ya anga ya Hubble.

Ya kwanza ni nyota ya kubuni, inayong'aa juu ya ulimwengu wa ngano. Ya pili ni mwanga halisi uliosafiri kwa miaka bilioni 12.9 kabla ya kuifikia dunia. Hata hivyo, iwapo mwanga huo unatoka katika nyota moja au katika kundi zima la nyota ni swali ambalo wataalamu bado wanalijadili.

Chimbuko la jina

Tolkien alizaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, na baadaye akawa profesa wa Kiingereza cha kale katika Chuo Kikuu cha Oxford. Akiwa bado mwanafunzi chuoni hapo, alilikuta neno "éarendel" katika shairi la kidini la kale liitwalo Crist. Neno hilo hufasiriwa kuwa ni nyota ya asubuhi au mwanga unaochomoza.

Neno hilo lilimvutia kiasi cha kumfanya, Septemba 1914, atunge shairi kuhusu baharia anayesafiri angani. Kutokana na mbegu hiyo ilikua hadithi ya Eärendil, ambayo imo katika kitabu cha The Silmarillion, kilichochapishwa mwaka 1977, miaka minne baada ya kifo chake.

Kwa mujibu wa hadithi hiyo, Eärendil alikuwa baharia mwenye damu ya binadamu na ya Waelfi, viumbe wasiokufa kwa uzee. Nchi yake ilipokuwa ikiangamizwa na mtawala mwovu Morgoth, alivuka bahari iliyopigwa marufuku ili kuwaombea msaada watu wa jamii zote mbili.

Mkewe, Elwing, ndiye aliyemletea kito kiitwacho Silmaril, ambacho nuru yake ndiyo iliyowafungulia njia. Ombi lao lilikubaliwa na Morgoth akashindwa, lakini Eärendil hakuruhusiwa kurudi kwa watu wake. Merikebu yake, Vingilot, ilipandishwa mbinguni, naye akawa anaabiri humo na kito hicho kikiwa juu ya paji la uso wake. Watu wa nchi kavu walipouona mwanga huo kwa mara ya kwanza, waliuita nyota ya tumaini.

Ngano inayofuata falaki

Katika masimulizi hayo, nyota ya Eärendil huonekana zaidi alfajiri na jioni. Hiyo ndiyo tabia ya sayari ya Zuhura, ambayo wasemaji wa Kiswahili huiita pia nyota ya asubuhi au nyota ya jioni.

Zuhura hulizunguka jua ikiwa ndani ya njia ya dunia. Kwa sababu hiyo, kwa mtazamaji aliye duniani, sayari hiyo haitengani na jua kwa zaidi ya nyuzi 47 hivi. Huonekana mashariki kabla ya jua kuchomoza, au magharibi baada ya jua kuzama, na si katikati ya usiku. Tolkien aliichukua kanuni hiyo ya falaki na kuipa sababu ya kingano: baharia huonekana anaporejea kutoka safarini.

Mwanga uliokuzwa

Machi 30, 2022, watafiti wakiongozwa na Brian Welch, wakati huo akiwa Chuo Kikuu cha Johns Hopkins nchini Marekani, walitangaza katika jarida la Nature kuwa wamegundua nyota ya mbali kuliko zote zilizowahi kuonekana moja moja. Waliiita Earendel, kutokana na neno lile lile la Kiingereza cha kale.

Mwanga wake uliondoka wakati ulimwengu ukiwa na umri wa takriban miaka milioni 900. Kwa kuwa ulimwengu umeendelea kutanuka tangu hapo, chanzo chake sasa kiko umbali wa takriban miaka ya nuru bilioni 28.

Kwa kawaida hakuna darubini ingeweza kuiona nyota moja kwa umbali huo. Kilichowezesha ni mkusanyiko mkubwa wa galaksi uliopo kati yake na dunia. Uzito wa mkusanyiko huo huupinda mwanga, mfano wa lenzi ya miwani, na kuukuza mara maelfu. Nadharia ya Albert Einstein kuhusu mvutano ndiyo inayoeleza jambo hilo.

Mwaka 2023, vipimo vya darubini ya James Webb vilielezwa kuonyesha nyota yenye joto zaidi ya mara mbili ya lile la jua, na mng'ao wa takriban mara milioni moja.

Mjadala ulioibuka

Mwaka 2025, watafiti wengine waliuchambua mwanga huo na kusema kuwa unalingana pia na kundi la nyota nyingi zilizozaliwa pamoja. Hoja yao ni kwamba, kwa umbali huo, nyota nyingi zilizosongamana zinaweza kuonekana kama nukta moja.

Njia mojawapo ya kuamua ni kuufuatilia mwanga huo kwa muda mrefu. Nyota zilizomo katika mkusanyiko unaoukuza mwanga hupita mbele yake na kuubadili kidogo. Chanzo kikiwa kidogo kama nyota moja, mng'ao wake unatarajiwa kupanda na kushuka. Kikiwa kundi, utabaki karibu vile vile.

Jibu hilo lina uzito. Ikiwa ni nyota moja, wanasayansi watakuwa na nafasi adimu ya kuichunguza nyota ya enzi za awali. Ikiwa ni kundi, watakuwa wameona jinsi makundi makongwe ya nyota, ambayo mengine yangali yakiizunguka galaksi yetu, yalivyoanza.