Kore-eda atwaa tuzo, akataa pongezi za serikali

Baba ni kibarua wa ujenzi, mama anafanya kazi kwenye kiwanda cha kufulia nguo, bibi ana pensheni. Hela haitoshi, hivyo baba na mtoto wanaiba madukani. Hiyo ndiyo familia ya Shoplifters, filamu ya Mjapani Hirokazu Kore-eda iliyoshinda Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la Cannes, mwaka 2018.

Serikali ya Japani ilipotaka kumpongeza, alikataa. Filamu hiyo ilipata ruzuku ya umma, na wapo waliomlaumu kwa hilo. Yeye alisema anataka kukaa mbali na mamlaka.

Kore-eda, aliyezaliwa Tokyo mwaka 1962, alianzia kwenye televisheni, akitengeneza vipindi vya maisha halisi. Inaonekana hadi leo. Waigizaji watoto mara nyingi hawapi skripti. Huwaambia maneno palepale, nao huyasema kwa namna yao. Kwa njia hiyo Yuya Yagira, akiwa na miaka 14, alitwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume Cannes mwaka 2004 kupitia Nobody Knows.

Baadaye alivuka mipaka: The Truth aliipiga Ufaransa kwa msaada wa mkalimani, kisha Broker Korea Kusini.