Saa nne ya Bibi

Wiki hii kwenye kipindi tuliongea kuhusu mashine za kurudisha wakati, na kama kawaida muda haukutosha. Kuna stori moja nilishindwa kuisimulia kwenye maiki. Naiandika hapa.

Tuanze na mashine yenyewe. Kwenye Harry Potter and the Prisoner of Azkaban, kitabu cha tatu cha J. K. Rowling kilichotoka 1999, Hermione anavaa shingoni mkufu wenye saa ndogo ya mchanga. Jina lake ni Time-Turner, ila sisi tumekibatiza Kigeuza-saa. Ukikizungusha mara moja, unarudi nyuma saa moja. Ukizungusha mara tatu, saa tatu. Hermione alipewa ili aweze kuhudhuria masomo yanayofundishwa kwa wakati mmoja. Na hakukipata kirahisi! Mwalimu wake, Profesa McGonagall, ilibidi aandike barua wizarani kuwahakikishia kwamba binti huyu ni mwanafunzi mwema na hatakitumia kwa jambo lolote ila masomo.

Nilisoma hayo nikiwa na miaka 12, kwenye fleti yetu hapa Hillbrow, nikacheka peke yangu. Barua, mdhamini, kibali chenye masharti: mambo hayo nyumbani kwetu tuliyajua kuliko uchawi.

Sasa stori.

Nilikuwa na miaka 16. Babu yangu, kule Kigoma, alikuwa mgonjwa. Jumapili moja Bibi akaniambia kwenye simu, "Mjukuu wangu, kesho babu yako anapelekwa hospitali. Anataka kuongea na wewe kabla hatujatoka. Nipigie saa nne." Nikamjibu, "Sawa Bibi, saa nne."

Kesho yake nikatoka shule, nikapita Kotze Street kununua vocha, nikapanda ngazi maana lifti ilikuwa mbovu, nikakaa dirishani, pale unapouona ule mnara wa Hillbrow wa mita 269. Ilipofika 16:00 kamili, nikapiga. Simu ikaita, ikaita, ikakatika.

Babu alifariki usiku uleule.

Mama aliporudi kazini aliligundua kosa kabla sijamaliza kueleza. Hakunifokea. Alikaa kitandani na viatu vyake miguuni, akasema, "Nilikufundisha kuhesabu. Sikukufundisha saa."

Kama na wewe hukufundishwa, ni hivi. Saa ya Kiswahili haianzi kuhesabu katikati ya usiku, inaanza asubuhi, jua linapochomoza. Saa moja asubuhi ni 07:00 kwenye simu yako. Saa sita mchana ni 12:00. Saa moja usiku ni 19:00. Yaani unaongeza sita au unatoa sita, basi. Karibu na ikweta hesabu hii inaeleweka kabisa, kwa sababu jua huchomoza karibu muda uleule mwaka mzima. Joburg sio hivyo. Desemba linachomoza saa kumi na moja alfajiri na dakika kadhaa, Juni linasubiri mpaka karibu saa moja.

Halafu Tanzania iko mbele yetu kwa saa moja. Cha ajabu, ukiangalia ramani utaona Kigoma na Johannesburg ziko karibu mstari mmoja kutoka kaskazini hadi kusini. Jua la mchana linatupitia karibu kwa pamoja. Saa za ukutani ndizo zinazotupishanisha.

Kwa hiyo saa nne ya Bibi ilikuwa 10:00 kwao na 09:00 kwetu. Saa hiyo mimi nilikuwa darasani, simu imezimwa ndani ya begi. Nikaja kupiga 16:00. Nilichelewa kwa saa saba.

Mizunguko saba ya Kigeuza-saa. Miaka mingi hiyo ndiyo ilikuwa hesabu yangu. Ningekuwa nacho, ningezungusha mara saba.

Juzi, kwa ajili ya kipindi, nikakisoma kitabu tena, nikagundua nilikuwa nimekikumbuka vibaya. Wengi wetu tunadhani Harry na Hermione walirudi nyuma saa tatu wakabadilisha yaliyotokea. Hapana. Mara ya kwanza wanasikia shoka likigonga, wanaamini Buckbeak, yule mnyama nusu tai nusu farasi, amekatwa kichwa. Waliporudi ndipo tunaelewa kwamba mchinjaji alipiga shoka kwa hasira, kwa sababu mnyama alikuwa hayupo. Walikuwa wameshamtorosha wao wenyewe.

Na kule ziwani pia. Harry anakaribia kufa, anamwona mtu ng'ambo ya maji akimwokoa kwa kulungu wa mwanga. Anaamini ni baba yake, ambaye ni marehemu. Anaporudi, anajificha ng'ambo ileile amsubiri baba atokee. Baba hatokei. Ndipo anaelewa kwamba yule mtu alikuwa yeye mwenyewe.

Kuna Kigeuza-saa kingine, kwenye tamthilia ya Harry Potter and the Cursed Child ya 2016, ambacho kweli kinabadilisha yaliyopita. Na wakijaribu kuyabadilisha, dunia wanayorudi inakuwa mbaya zaidi. Lakini kile cha Hermione hakibadilishi kitu. Kinakuonyesha tu kilichokuwepo ambacho hukukiona.

Basi nikampigia Bibi. Baada ya shikamoo na marahaba, nikamuuliza swali ambalo miaka yote niliogopa kuuliza. Babu alisubiri?

"Alisubiri," akasema. "Saa nne ikapita, akasema, mtoto yuko shule huyo, tusimlaumu. Akaniambia nimwekee zile sauti zako."

Nilikuwa nimesahau. Mwezi ule nilikuwa namtumia Babu ujumbe wa sauti kila baada ya siku chache, kwa Kiswahili changu cha kubahatisha. Mmoja ulianza, "Shikamoo Babu. Wewe ni mzuri leo?" Nilitaka kusema hujambo, nikatafsiri Kiingereza.

"Huo ndio aliupenda," Bibi akacheka. "Alikuwa anaijibu simu. Mzuri sana, mjukuu wangu, na wewe je? Mpaka gari likaja."

Sijui Babu alitaka kuniambia nini asubuhi ile, na sitajua. Hilo halirudi hata nikizungusha mara saba. Ila asubuhi ile, saa nne yao, sauti yangu ilikuwepo chumbani, na makosa yake yote.

Kwa hiyo ombi langu kwenu ni dogo. Mkubwa akikutajia saa, usione aibu, muulize: ya asubuhi au ya jioni? Ya kwenu au ya kwetu? Na ule ujumbe wa sauti unaoogopa kuutuma kwa sababu Kiswahili chako kimevunjika, utume leo.

Hapa Hillbrow sasa hivi ni saa moja kasorobo jioni. Kigoma ni saa mbili kasorobo usiku. Bibi bado hajalala, ngoja nimpigie.